Msongo wa kazi na ulevi kati ya wapishi

Msongo wa kazi na ulevi kati ya wapishi ni tatizo la kiafya linalowapata watu wanaopika kwa ajira, hasa katika hoteli na migahawa. Linatokana zaidi na mpangilio wa kazi kuliko tabia ya mtu.

Sababu

Jiko la biashara lina joto, moshi na kelele, na wateja huja kwa mkupuo. Hali hiyo huonekana kwenye migahawa ya barabara kuu ya Dar es Salaam–Arusha, kama vile Segera (wilaya ya Handeni), Korogwe na Mombo. Basi hushusha makumi ya abiria kwa pamoja, nao wana dakika chache tu za kula.

Baada ya zamu, mwili wa mpishi umechoka lakini akili bado iko macho. Pombe humpa usingizi haraka, lakini usingizi huo ni hafifu. Kesho yake huamka mchovu, na wengine hutafuta cha kuwachangamsha, kama vile mirungi, ambayo ni marufuku nchini Tanzania. Hivyo kileo kilichotumika kuondoa uchovu huuongeza.

Ukubwa wa tatizo

Nchini Marekani, ripoti ya serikali ya mwaka 2015 ilionyesha kwamba wafanyakazi wa hoteli na migahawa waliongoza sekta zote kwa matumizi ya dawa za kulevya: 19.1% walikuwa wamezitumia katika mwezi uliotangulia. Mpishi Anthony Bourdain (1956–2018) alieleza uraibu wake wa heroini katika kitabu *Kitchen Confidential* (2000).

Kinga na tiba

Tanzania Bara, Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inaweka kikomo cha saa 45 za kawaida kwa wiki. Kwa kawaida mfanyakazi anastahili kupumzika saa 12 mfululizo kati ya siku na siku, na saa 24 kila wiki. Mama lishe aliyejiajiri hana mwajiri wa kumdai haki hizo.

Anayekunywa sana kila siku asiache ghafla bila msaada wa daktari, kwa sababu anaweza kupata degedege. Kwa waraibu wa heroini, tiba ya methadoni ilianza kutolewa katika Hospitali ya Taifa Muhimbili mwaka 2011.