Nani Ameketi na Nani: Sinema za Wakubwa na Staha ya Unyakyusa

Tangu sinema ilipoanza kutungiwa sheria, swali lililotangulizwa na wenye mamlaka lilikuwa ni kitu gani kinachoonyeshwa. Ilhali wazee wa Kisiba, na wa Unyakyusa yote, ambao kanuni zao za staha zilikamilika kabla taa ya sinema haijawashwa popote wilayani Rungwe, walitanguliza swali jingine, nalo ni nani ameketi na nani.

Monica Wilson, mtaalamu wa mila aliyeishi Unyakyusa katika miaka ya 1930 na kutoa kitabu chake Good Company mwaka 1951, aliandika jinsi wavulana wa umri wa miaka kumi hivi walivyotoka kwa baba zao, wakajenga vibanda vyao kando, wakawa kijiji cha marika, kwa kuwa haikustahiki mtoto kuyajua ya unyumba wa wazazi wake. Mke wa mwana naye, akimwona baba mkwe kwa mbali, aliiacha njia akajisitiri migombani hata apite. Wala mambo ya ndoa hayakufichwa: mwari alifundishwa waziwazi, ila na wanawake, faraghani.

Runinga na mikanda ya video ikaja kuwakusanya wote hao mbele ya kioo kimoja. Hata leo wapendanao wakikaribiana midomo, mzee hukohoa, akaitafuta fimbo yake, akatoka nje kana kwamba anakwenda kutazama ng'ombe, na hakuna amwulizaye.

Wenye sinema wa Unguja waliifahamu mapema haja ya kuwatenga watazamaji, wakaweka maonyesho ya wanawake peke yao, ili waliotawishwa watazame pasina macho ya wanaume. Marekani ilichelewa: kanuni ya Hays, iliyozibana filamu kwa zaidi ya miaka thelathini, iliachwa mwaka 1968, yakawekwa madaraja ya watazamaji, mwaka uliofuata Denmark ikawaruhusu watu wazima picha za ngono, na kufikia 1972 filamu ya ngono ya Deep Throat ilikuwa ikionyeshwa hadharani New York. Kwetu Tanzania, Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976 iliipa bodi ya filamu uwezo wa kupanga madaraja na wa kupiga marufuku, na kwa rai yangu uwezo ule wa kwanza ndio wenye hekima zaidi.

Hoja hiyo ilidhihirika Kenya mwaka 2018. Rafiki, filamu ya Wanuri Kahiu juu ya mapenzi ya wasichana wawili wa Nairobi, isiyo na uchi wa kutisha wala ufasiki wa kuuzwa, ilipigwa marufuku mwezi Aprili, na mwezi uliofuata ikaonyeshwa Cannes, ambako filamu ya Kenya haikupata kufika kabla yake. Mwezi Septemba Jaji Wilfrida Okwany wa Mahakama Kuu aliisimamisha marufuku kwa siku saba. Hakuamuru kukatwa hata picha moja, bali alitaja watakaoketi ukumbini, yaani watu wazima waliotaka wenyewe, na ukumbi wa Nairobi ukajaa.