Daftari na Mlolongo: Safari ya Charles Rubia kutoka Baraza la Jiji la Nairobi hadi Bunge la Taifa

Makala haya yanachunguza maisha ya kisiasa ya Charles Wanyoike Rubia (1923–2019), Mwafrika wa kwanza kuwa meya wa Nairobi na baadaye mbunge wa Starehe tangu 1969 hadi 1988. Katika maandishi mengi kuhusu siasa za Kenya jina lake hutajwa kwa tukio moja, yaani wito wa kurejeshwa kwa mfumo wa vyama vingi alioutoa pamoja na Kenneth Matiba mwezi Mei 1990. Miaka iliyotangulia hupitiwa kwa haraka, kana kwamba umeya ulikuwa ngazi tu ya kupandia. Hoja yetu ni tofauti. Tunashikilia kwamba msimamo aliouchukua kuanzia 1986 unaeleweka vyema zaidi ukisomwa kama msimamo wa diwani, yaani mtu aliyelelewa kisiasa katika taasisi ambamo mamlaka huandikwa, huhesabiwa na hukaguliwa.

Neno lenyewe linasaidia. Msomaji wa fasihi ya Kiswahili hukutana na *diwani* kama mkusanyiko wa mashairi, na mpiga kura hukutana nalo kama mwakilishi wa wadi. Maana hizi mbili zina chimbuko moja. Katika Kiajemi na Kiarabu neno hilo lilihusu daftari, orodha na ofisi ya hesabu, kisha likapanuka hadi kutaja baraza linalokutana palipo na daftari. Hatudai kwamba mwanasiasa wa Nairobi wa miaka ya 1950 alilifikiria asili hiyo. Tunaitaja kwa sababu mgogoro uliomwondoa Rubia bungeni ulihusu jambo hilohilo: kama kura ya raia itaacha alama inayoweza kurejewa, au itatoweka mara watu wanapotawanyika.

Baraza alimolelewa

Nairobi ilipewa hadhi ya jiji kwa hati ya kifalme tarehe 30 Machi 1950. Baraza lake lilikuwa chombo cha walowezi. Wazungu walikuwa na wingi wa viti, Wahindi walikuwa na sehemu ndogo, na Waafrika, ambao ndio waliokuwa wengi mjini, waliwakilishwa na watu wachache walioteuliwa. Kuketi humo ukiwa Mwafrika wakati wa Hali ya Hatari hakukuwa heshima tupu. Tom Mbotela, diwani na kiongozi wa zamani wa KAU, aliuawa Novemba 1952. Ambrose Ofafa, diwani na mtu mashuhuri wa Umoja wa Wajaluo, aliuawa mwaka uliofuata. Mitaa miwili ya mashariki mwa jiji imebeba majina yao hadi leo, ingawa wakazi wengi wa Mbotela na Ofafa pengine hawajui kwamba wanaishi ndani ya kumbukumbu za madiwani. Diwani Mwafrika alitiliwa shaka na pande zote mbili: wanaharakati walimwona kibaraka, na watawala walimsikiliza pale tu walipopenda.

Rubia aliingia barazani katika muongo huo. Alichokikuta, zaidi ya ubaguzi, ni utaratibu. Baraza la jiji liliendesha kazi zake kwa kamati: ya fedha, ya nyumba, ya afya, ya ujenzi. Kila kamati ilikuwa na kumbukumbu zilizosomwa na kuthibitishwa kwenye kikao kilichofuata. Makadirio ya fedha yalijadiliwa kifungu kwa kifungu. Utaratibu huo ulitumika vilevile kuhalalisha dhuluma. Kwa mfano, huduma za ustawi wa Waafrika ziligharamiwa kwa sehemu kubwa na mapato ya vilabu vya pombe vya manispaa, ambako Waafrika ndio waliokuwa wateja, huku kodi za ardhi zikiujenga upande mwingine wa mji. Hata hivyo, kwa kuwa jambo hilo lilikuwa limeandikwa vitabuni, liliweza kuhojiwa. Mwakilishi asiye na kura za kutosha kubadilisha uamuzi alikuwa angalau na tarakimu za kuuliza maswali. Tunaona hapa chanzo cha tabia moja ya kisiasa, nayo ni kuamini kwamba hesabu ni silaha ya mnyonge.

Mwaka 1962, katika mkesha wa uhuru, Rubia alichaguliwa meya, akashika wadhifa huo hadi 1967. Ni rahisi kukuza maana ya cheo hicho. Meya wa Nairobi hakuchaguliwa na wananchi moja kwa moja bali na madiwani wenzake. Aliongoza vikao, lakini shughuli za kila siku zilikuwa mikononi mwa karani wa jiji na wakuu wa idara. Isitoshe, jiji lenyewe lilibadilika chini ya miguu yake. Mipaka ilipanuliwa karibu na wakati wa uhuru kutoka takriban kilomita za mraba 90 hadi 690 hivi, na vizuizi vya kikoloni vya kuingia mjini vikalegea. Baraza likawa na eneo kubwa mno la kuhudumia na watu waliokuja kwa kasi isiyolingana na nyumba zilizojengwa.

Kura ya siri ndani ya chama kimoja

Uchaguzi wa Desemba 1969 ulifanyika katika hali ya majonzi na hofu. Tom Mboya, mwanasiasa aliyeitawala siasa ya Nairobi tangu 1957, aliuawa tarehe 5 Julai. Chama cha KPU kilipigwa marufuku mwezi Oktoba. Hivyo KANU ilibaki peke yake, na mchujo wa chama ndio uliokuwa uchaguzi wenyewe. Rubia alishinda Starehe.

Msomaji wa leo anaweza kuona ushindi wa namna hiyo kuwa hauna maana. Tunatofautiana na mtazamo huo kwa kiasi fulani. Chaguzi za 1969, 1974, 1979 na 1983 hazikumpa raia nafasi ya kuibadilisha serikali, lakini zilimpa nafasi ya kumwangusha mtu. Alipiga kura yake kwa siri, karatasi ikatumbukizwa sandukuni, na wabunge wengi, wakiwemo mawaziri, waliangushwa kwa njia hiyo. Rubia alirudishwa bungeni mara tatu kwa utaratibu huo. Uhalali wake wote, kama ulikuwepo, ulitokana na sanduku hilo, na mtu wa aina hiyo hawezi kulichukulia sanduku kuwa kitu kidogo.

Wakati huohuo jiji alilotoka lilipungukiwa nguvu. Kodi ya mtu binafsi iliyotozwa kwa kadiri ya kipato, ambayo ilikuwa nguzo ya mapato ya serikali za mitaa, iliondolewa katika nusu ya kwanza ya miaka ya 1970, na ruzuku zilizoahidiwa hazikuziba pengo. Nairobi ilibaki na shule za msingi, zahanati na barabara za kuhudumia, lakini haikuwa na chanzo cha fedha kinachokua pamoja na idadi ya watu. Mbunge aliyewahi kuwa meya alikuwa katika nafasi ya pekee ya kulielewa jambo hili, na baada ya uchaguzi wa 1979 akaingia katika baraza la mawaziri la Rais Daniel arap Moi. Uwaziri huo haukuliokoa baraza. Pia haifai kumchora Rubia kama mpinzani wa tangu awali: alikuwa mfanyabiashara mwenye uwezo, alinufaika na utaratibu uliokuwepo, na alikuwa mmoja wa wabunge katika Bunge lililopitisha Kifungu cha 2A mwezi Juni 1982 bila upinzani, kifungu kilichoifanya Kenya kuwa nchi ya chama kimoja kisheria. Mwanafunzi wa siasa anayetaka shujaa asiye na doa itambidi amtafute kwingine.

Mwezi Machi 1983 serikali ililivunja Baraza la Jiji la Nairobi kwa madai ya usimamizi mbaya. Mahali pake iliwekwa Tume ya Jiji iliyoteuliwa na kuwajibika kwa serikali kuu. Madai ya ufisadi barazani hayakuwa ya kubuni, kwani wakazi waliyaona kwenye mabomba makavu na takataka zisizozolewa. Lakini dawa iliyotolewa ilimwondoa mgonjwa badala ya ugonjwa. Tume iliyoelezwa kuwa ya muda iliongezewa muda mara kwa mara hadi 1992. Kwa takriban miaka 9 mkazi wa Nairobi hakuwa na diwani. Sehemu pekee iliyobaki ya kupiga kura katika jiji lake ilikuwa kumchagua mbunge, na hiyo nayo ilikuwa karibu kuguswa.

Mwaka 1986 na mwaka 1988

Mambo mawili yalitokea mwaka 1986, nayo kwa kawaida hujadiliwa mbalimbali. La kwanza ni uamuzi wa KANU kwamba mchujo ufanywe kwa wanachama kupanga foleni hadharani nyuma ya mgombea au picha yake. La pili ni marekebisho ya katiba ya mwezi Desemba yaliyowaondolea Mwanasheria Mkuu na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali hakikisho la kudumu kazini, hivi kwamba Rais angeweza kuwaondoa bila utaratibu wa mahakama maalumu. Rubia alisimama dhidi ya yote mawili, na katika suala la katiba alikuwa miongoni mwa sauti chache mno zilizosikika ndani ya Bunge. Nje ya Bunge, Baraza la Kitaifa la Makanisa na Chama cha Wanasheria vilipinga pia. Viongozi wa makanisa walitoa hoja ambayo ilikuwa ya kivitendo kabisa: mchungaji anayeonekana nyuma ya mgombea mmoja atawahudumiaje waumini waliosimama nyuma ya mwingine?

Tunapendekeza kwamba mambo hayo mawili yasomwe kama jambo moja. Mkaguzi wa hesabu ndiye anayekwenda nyuma ya taarifa ya serikali kutafuta stakabadhi. Karatasi ya kura ndiyo stakabadhi ya uchaguzi. Kumfanya mkaguzi amtegemee anayemkagua, na kuondoa karatasi katika mchujo, ni kuiondolea taarifa rasmi kitu cha kuipingia. Foleni huhesabiwa mara moja tu. Msimamizi akishatangaza, watu wakishakwenda zao, hakuna sanduku la kufungua wala karatasi ya kuhesabu upya. Mlalamishi hubaki na macho yake, na mshindi hubaki na tangazo.

Mchujo wa Februari 1988 ulikuwa na kanuni ya ziada. Mgombea aliyepata asilimia 70 au zaidi kwenye foleni alihesabiwa kuwa amepita bila kupingwa, hivyo hapakuwa na kura ya siri mwezi Machi katika jimbo lake. Kanuni hiyo ndiyo iliyokuwa na uzito mkubwa. Palipokuwa na foleni tu bila kanuni, mgombea aliyedhulumiwa angeweza kupumzika na kusubiri sanduku. Palipokuwa na kanuni, ilitosha kutangaza tarakimu moja. Katika Starehe alitangazwa Kiruhi Kimondo, na Rubia akapoteza kiti alichokuwa amekishika kwa karibu miongo miwili. Katika sehemu nyingi za nchi wananchi walisimulia kwamba foleni fupi zilitangazwa kuwa ndefu. Tangu hapo neno *mlolongo*, ambalo kabla ya hapo lilimaanisha msururu wowote wa watu au vitu, likabeba katika Kiswahili cha Kenya maana ya wizi wa kura wa mchana. Watafiti wa leksimu ya kisiasa wangefaidika kulifuatilia neno hili, maana ni nadra kwa nomino ya kawaida kiasi hicho kuchafuliwa na tukio la siku moja.

Nje ya Bunge

Kenneth Matiba, mbunge wa Kiharu, alijiuzulu uwaziri Desemba 1988 baada ya kulalamikia uchaguzi wa ndani wa KANU. Tarehe 3 Mei 1990 yeye na Rubia walizungumza na waandishi wa habari jijini Nairobi, wakataka Kifungu cha 2A kifutwe. Wawili hao hawakuwa na chama, kiti wala baraza. Waliomba kibali cha mkutano wa hadhara katika uwanja wa Kamukunji tarehe 7 Julai, kikakataliwa. Walikamatwa siku tatu kabla na kuwekwa kizuizini bila kufikishwa mahakamani, chini ya sheria ya kuhifadhi usalama wa umma. Siku ya Saba Saba watu walikwenda Kamukunji hata hivyo, na ghasia zilizoanza huko zikaenea hadi miji mingine, zikagharimu maisha ya watu. Rubia aliachiliwa Aprili 1991 akiwa mgonjwa. Hakurudi tena bungeni.

Inastahili kutazama mpangilio wa mambo yaliyorejeshwa. Hakikisho la kazi la Mkaguzi Mkuu lilirudishwa 1990, wakati Rubia na Matiba wakiwa kizuizini au muda si mrefu kabla ya hapo. Mwaka huohuo kamati ya KANU ilizunguka nchi kusikiliza maoni, na mlolongo ukaachwa. Kifungu cha 2A kilifutwa Desemba 1991. Baadhi ya wachambuzi huyapa uzito mkubwa masharti ya wafadhili wa nje katika mabadiliko haya, na ni kweli kwamba masharti hayo ya mwishoni mwa 1991 yaliharakisha kufutwa kwa 2A. Hayaelezi, hata hivyo, kwa nini mkaguzi na sanduku vilirejeshwa kwanza. Kwa maoni yetu hayo yalikuwa malalamiko ya ndani, yenye maneno ya ndani, yaliyokwisha kutajwa bungeni na makanisani miaka minne kabla.

Tarehe 29 Desemba 1992 wakazi wa Nairobi walipewa karatasi tatu: ya rais, ya mbunge na ya diwani. Ilikuwa mara ya kwanza tangu kuvunjwa kwa baraza mwaka 1983 kwa karatasi ya diwani kuwemo.