Shinkolobwe: jiwe la hatari haling'ai gizani

Mvua za mwisho wa mwaka zikianza kunyesha Likasi, na umeme ukikatika mtaani, ndipo vimulimuli wanapoonekana vizuri: nukta za kijani na manjano zinazowaka na kuzimika juu ya majani. Mtoto anaweza kumshika mmoja kiganjani na asiungue. Lakini kilomita 20 hivi magharibi ya mji kuna mgodi wa zamani wa Shinkolobwe, na watu wengi hudhani huko nako kuna mwanga, ule wa kutisha: mawe ya urani yanayong'aa usiku. Filamu zimesaidia sana kueneza picha hiyo. Si kweli, na anayechimba huku akiamini hivyo anaweza kujiua bila kujua.

Tuanze na mdudu. Tumboni mwake, upande wa nyuma, kimulimuli ana kemikali iitwayo lusiferini. Inapokutana na hewa ya oksijeni, kwa msaada wa kimeng'enya chake, hutoa mwanga usio na joto karibu kabisa. Balbu ya kizamani hupoteza nguvu zake nyingi kama joto; mdudu huyu hapotezi. Na mwanga wake ni maneno. Kwa aina nyingi, dume huruka akiwaka kwa mapigo maalum, na jike aliyetulia kwenye jani hujibu baada ya kimya cha muda fulani. Jibu likichelewa au likiwahi, dume anajua huyo si wa kabila lake. Watoto wao, ambao bado ni funza, hula konokono, nao pia huwaka: ni onyo kwa chura kwamba nyama yao ni chungu.

Mawe ya Shinkolobwe hayana onyo kama hilo. Mengine ni meusi na mazito, mengine ya manjano au rangi ya chungwa, mengine ya kijani ambacho asiyezoea anaweza kukichanganya na malakiti. Baadhi hutoa rangi kali yakimulikwa kwa taa ya ultravioleti. Taa ikizimwa, nayo yanazimika. Mwaka 1896 Mfaransa Henri Becquerel aligundua kwamba chumvi ya urani ilichafua bamba la picha ndani ya saraka, gizani. Kitu kilikuwa kikitoka humo, ila jicho halikukiona.

Kinachong'aa kweli ni radiamu, waliyoigundua Marie na Pierre Curie mwaka 1898. Hata hivyo imo kidogo mno: katika madini yenye tani tatu za urani hupatikana gramu moja hivi. Mwaka 1921 wanawake wa Marekani walichanga dola elfu 100 kumnunulia Marie Curie gramu moja tu. Mwaka huohuo Union Minière ilianza kuchimba Shinkolobwe, mahali palipogunduliwa mwaka 1915, na kuanzia 1922 kiwanda cha Olen, Ubelgiji, kilikuwa kikitoa radiamu kutoka mawe ya Katanga. Bei ya dunia ikaanguka. Wataalamu waliochunguza mawe hayo walikuta madini yasiyojulikana popote, wakayapa majina ya Wazungu wao: bekerelite, kurite, sklodowskite. Walioyatoa ardhini kwa mikono hawakupewa hata moja.

Huko New Jersey, wasichana wa viwandani walipaka rangi ya radiamu kwenye nyuso za saa ili zisomeke usiku. Walichonga ncha ya brashi kwa midomo yao. Nguo na nywele zao ziling'aa gizani, na wengine walifurahia. Mwili huichukua radiamu kama chokaa na kuipeleka mifupani. Meno yakang'oka, mataya yakaoza. Watano kati yao walienda mahakamani na kulipwa fidia mwaka 1928.

Vita vilipokuja, urani yenyewe, iliyokuwa kama takataka ya kazi ya radiamu, ndiyo ikawa mali. Mkurugenzi Edgar Sengier alikuwa ameshapeleka zaidi ya tani 1000 za mawe ya Shinkolobwe New York mwaka 1940. Wamarekani waliyanunua mwaka 1942, na sehemu kubwa ya urani ya bomu la Hiroshima, tarehe 6 Agosti 1945, ilitoka karibu na Likasi, wakati huo Jadotville.

Mwaka 1960 mashimo yalizibwa kwa zege. Miaka ya 1990, Gécamines ilipodhoofika na mishahara kupotea, ma-creuseurs walirudi na chepeo na mifuko, wakitafuta kobalti. Amri ya rais ya Januari 2004 ilipiga marufuku uchimbaji hapo. Julai mwaka huohuo shimo liliporomoka na kuua watu wanane. Ujumbe wa Umoja wa Mataifa uliofika baadaye ulionya juu ya maporomoko, na pia juu ya mionzi kwa watu wanaokaa humo muda mrefu.

Mionzi hiyo haina rangi wala harufu. Radiamu iliyomo ndani ya jiwe huzaa radoni, gesi inayojikusanya ndani ya shimo lisilopitisha hewa, na mchimbaji huivuta pamoja na vumbi. Saratani ya mapafu huja miaka mingi baadaye, wakati mtu ameshasahau ni shimo gani aliingia. Chombo cha kupima ndicho pekee kinachoweza kuionyesha, na si kitu ambacho mchimbaji hubeba pamoja na chepeo lake.

Saa za zamani zilizopakwa radiamu bado zipo kwa wakusanyaji wa vitu vya kale. Nyingi haziwaki tena, maana mionzi yenyewe imechosha rangi iliyokuwa ikiipokea. Radiamu bado imo: hupungua nusu tu kila miaka 1600.