Je, Wajua? Utamu wa Lambalamba Huisha Kabla ya Barafu

Umewahi kufyonza lambalamba ya ukwaju, mkononi ikabaki barafu nyeupe isiyo na ladha? Ndani ya friza, maji ndiyo yanayotangulia kuganda. Sukari na ladha ya tunda husukumwa kando na kubaki kama shira katikati ya chembe za barafu. Ukifyonza, shira hiyo ndiyo inayotoka kwanza.

Dawa yake ni nyama ya tunda. Saga embe bivu, ongeza sukari na ndimu kidogo, na usizidishe maji. Uzito wa rojo huzuia chembe kubwa za barafu kujijenga, nayo lambalamba huwa laini.

Zingatia pia:

• Ulimi uliopoa hauhisi sukari sawasawa, hivyo juisi ya kugandisha iwe tamu zaidi kidogo kuliko ya kunywa.

• Maji yakiganda hutanuka kwa takriban asilimia 9. Usijaze kikombe pomoni.

• Kuganda hakuui vijidudu vyote. Unapowatengenezea watoto, osha matunda vizuri na utumie maji yaliyochemshwa yakapoa.