Marehemu Asiyeliliwa: Kicheko na Kifo katika Riwaya ya Agatha Christie

Kwetu tunafundishwa kwamba marehemu hasemwi. Hata mtu awe mbaya vipi, akishavikwa sanda atatafutiwa jema moja la kutajwa. Mtaani kwetu alifariki mzee mmoja ambaye hakupatana na mtu. Leo kagombania mpaka wa kiwanja, kesho kafukuza watoto wa wenzake. Msibani watu walijaa. Lakini nilipotega sikio nyuma ya nyumba, nikasikia vicheko vya chinichini. Nilishtuka. Kisha, nikiri tu, nikacheka na mimi.

Kicheko kile kilinirudia niliposoma The Murder at the Vicarage, riwaya ya Agatha Christie iliyotoka mwaka 1930. Katika makala hii nitajaribu kueleza kicheko cha namna hiyo kina kazi gani katika hadithi ya upelelezi. Msomaji ambaye hajaisoma anisamehe, maana nitafichua mwisho wake.

Tuanze na kisa. Katika kijiji cha St. Mary Mead, Uingereza, yupo Kanali Protheroe, hakimu na mzee wa kanisa, mkali asiyependwa na mtu. Msimulizi ni kasisi wa kijiji. Mwanzoni kabisa, akiwa mezani anakata nyama ngumu, mtumishi huyu wa Mungu anasema kwamba atakayemwua Kanali atakuwa ameutendea ulimwengu hisani. Mpwa wake anamtania: maneno hayo yatakuja kukuponza! Haipiti muda, Kanali anakutwa amepigwa risasi. Wapi? Katika chumba cha kusomea cha kasisi yuleyule.

Hapa ndipo ufundi wa mwandishi unapoonekana. Kwa kawaida msomaji wa riwaya hizi hujiuliza: nani alikuwa na sababu ya kuua? Christie analigeuza swali: nani hakuwa nayo? Miss Marple peke yake anahesabu washukiwa saba. Sisi tuliokua na Bwana Msa wa Mohamed Said Abdulla tumezoea mpelelezi mwenye kiko mdomoni. Huyu ni bibi kizee anayepalilia bustani na kutazama ndege kwa darubini, huku macho yakiwa kwa majirani. Vibibi wenzake wanakusanyika kwenye chai na kukigeuza kifo kuwa kitoweo cha mazungumzo. Tunacheka, tena sana.

Lakini kicheko hicho ni mtego. Chuki ya wengi ni moshi tu, moto uko kwingine. Mchoraji Lawrence Redding anajisalimisha polisi na kukiri. Halafu Anne, mke wa marehemu, naye anakiri! Kila mmoja anaonekana kumkinga mwenziwe, basi wote wawili wanaachwa. Kumbe ndio wauaji hasa, wapenzi waliotaka kuwa huru. Waliomsema Kanali mchana kweupe hawakumgusa. Makelele yao ndiyo yaliyowaficha walionyamaza.

Jambo zito zaidi linakuja mwishoni. Redding anampangia Hawes, msaidizi wa kasisi, afe kwa dawa ili ionekane amejiua kwa sababu ya hatia. Hawes ana dosari zake, aliiba fedha za kanisa, lakini damu ya Kanali haimo mikononi mwake. Anaponea chupuchupu. Kwa maoni yangu, dhamira ya riwaya imelala hapo. Kijiji kikisema "afadhali kafa", mwuaji anapata nafasi ya kuua tena. Haki ya marehemu mbaya ni kinga ya mtu aliye hai.

Kasoro haikosekani. Protheroe ni mhusika bapa mno; tunamsikia akifoka tu, hatumwoni hata mara moja akiwa na hofu au upweke. Wengine watasema ndivyo vichekesho vinavyotaka, maana tukimhurumia hatutacheka. Inawezekana. Ila nadhani mwandishi angetupa dakika moja tu ya kumhurumia, kicheko chetu kingetuchoma zaidi.

Nimeukumbuka tena msiba wa mtaani. Mzee yule alikufa kwa maradhi, hakuuawa na mtu. Lakini hivi, kama angeuawa, nani kati yetu tuliokuwa tukicheka nyuma ya nyumba angejali kuuliza?