"I am sorry": pole au samahani?

Katika zoezi la tafsiri tulilopewa darasani, mume na mke wamesimama kwenye kaburi la mtoto wao. Mume anatamka maneno matatu tu: "I am sorry." Mimi nikaandika "pole", mwenzangu akaandika "nisamehe". Tukabishana bwenini mpaka usiku wa manane.

Ndugu msomaji, ubishi ule haukuwa wa bure. Anayesema pole anashiriki uchungu wa mwenzake, si lazima awe yeye aliyeuleta. Anayesema samahani au nisamehe anakiri kwamba mkono wake umo. Kiingereza kimeyatia yote mawili chungu kimoja, kikaongeza na mengine: "sorry" ikitamkwa kwa sauti ya kupanda ni "ati umesemaje?", ikikaa mbele ya nomino ni hali duni. Hayo tuyapite. Ila sisi nasi tukisema Kiingereza tunaitia humo pole yetu. Mtu akijikwaa tunamwambia "sorry", na Mwingereza anabaki kushangaa: kwani ni wewe uliyeniangusha?

Wapo walioponea kwenye chungu hicho. Tarehe 1 Aprili 2001 ndege ya upelelezi ya Marekani iligongana na ndege ya kivita ya China karibu na kisiwa cha Hainan. Rubani wa Kichina akapoteza maisha, Wamarekani 24 wakazuiliwa, na China ikataka iombwe radhi. Barua ya Marekani ya tarehe 11 ikasema "very sorry" mara mbili: kwa kifo cha rubani, na kwa ndege kuingia na kutua bila kibali cha mdomo. Beijing ikaona imeombwa radhi. Washington ikashikilia kwamba haikukiri kosa. Wale 24 wakaachiliwa.

Hebu itafsiri barua hiyo kwa Kiswahili. Kwa kifo, "pole sana" inatosha. Lakini nani humpa mwenye nyumba pole kwa sababu yeye mwenyewe kaingia bila hodi? Inabaki samahani, au "tunasikitika", lile neno la ofisini la kukwepea.

Turudi kaburini. "Nisamehe" ya mwenzangu ilimtwika mume hatia ambayo matini haikuithibitisha. Lakini pole yangu nayo, jamani, ilimfanya kama jirani aliyekuja kutoa mkono wa pole, kana kwamba mtoto si wake! Nikafuta, nikaandika: "Yametufika, mke wangu." Mhadhiri akaweka alama ya kuuliza pembeni.