Mali Kauli Ikimfikisha Mwenzako Gerezani
Kariakoo wengi wameanza maisha kwa mali kauli: unabeba mzigo Mtaa wa Kongo, unauza, ndipo unalipa. Mzigo mkubwa ukidoda, kesi inaweza kuishia Kisutu, na mwenzako nyumbani hajui kitu.

Sheria ya Mwenendo wa Madai ya mwaka 1966 inamruhusu aliyeshinda kesi kuomba mdaiwa awe mfungwa wa madai, hadi miezi 6. Lakini si kukurupuka tu! Kwanza mahakama humwita aeleze kwa nini asifungwe. Asiye nacho kweli anaweza kupona. Aliyeficha mkwanja, mimi simwonei huruma. Na jua likishazama, hakuna kuingia nyumbani kwake kumkamata hadi lichomoze.

Kinachonichekesha ni hiki: anayedai ndiye anayelipia chakula cha mfungwa wake! Akiacha kulipa, jamaa anatoka, deni linabaki palepale, ila hakamatwi tena kwa hukumu ileile.

Kwa hiyo ukikuta bahasha ya mahakama chini ya godoro, usinune kwanza. Muulize anatakiwa kufika lini, kwani asipotokea siku hiyo, mdai akitaka, hati ya kumkamata inatolewa.